Milimita tatu za maji

Wanafunzi wapendwa, baba na mama, asanteni kwa kuja na mvua hii. Na tuanzie kwenye mvua hiyo hiyo. Saa hizi ukimwuliza mtu pisti ya Luano, yaani njia ya kutua na kuruka ndege kwenye uwanja wetu wa Lubumbashi, ikoje, atakujibu: "Imelowa." Jibu hilo halimsaidii rubani.

Tangu tarehe 4 Novemba 2021, kanuni za ICAO, shirika la kimataifa la usafiri wa anga, zinataka hali ya pisti itajwe kwa namba, kutoka 6 hadi 0. Pisti kavu ni 6. Ikilowa, lakini maji hayajazidi milimita 3, ni 5. Yakizidi, inaanguka hadi 2. Haipiti 4 wala 3! Milimita tatu hazifiki hata nusu ya ukucha wako, lakini maji yakizidi kina hicho tairi lenye kasi linaweza kupanda juu yake, likaacha kugusa lami, na breki zikabaki pambo. Namba 1 na 0, jedwali la namba hizi limeziwekea barafu. Hata baridi yetu ya Juni haitufikishi huko.

Sasa sikilizeni, hapa ndipo watu wanakosea. Pisti inagawanywa sehemu tatu, kila moja na namba yake. Tuseme 5, 5, 2. Kila upande wa pisti una namba yake ya jina, na ripoti inaanzia upande wenye jina la namba ndogo, hapa kwetu 07. Ndege inayotua kutoka huko italikuta dimbwi mwisho, pale pale rubani anapotegemea breki. Inayotoka upande wa pili italikuta mwanzo. Ndiyo maana mwongozaji mnarani anazigeuza namba zifuate upande wa kutua. Akisahau kuzigeuza, rubani anapewa pisti ya kinyume.

Wenzetu wa Goma wana majivu ya volkano. Jedwali halina namba ya majivu. Yanatajwa kwa jina, na mahali yalipo. (Lava ya Januari 2002, iliyofunika kipande cha pisti yao, haikuhitaji jedwali.)

Na rubani aliyetua akisema breki zimeshika vibaya kuliko mlivyoandika kwenye ripoti, msibishane naye. Chukueni gari, mrudi kupima. Akisema hazikushika kabisa, fungeni pisti kwanza. Simu ya mkubwa mtaipokea baadaye.

Ndiyo, mama pale nyuma, uliza.