Jina la Kundi ni la Nani? Mhadhara kwa Vikundi vya Kwaya na Muziki, Moshi

Mama zangu, shikamooni. Na ninyi wadogo zangu mliojibana karibu na mlango, nawaona, mnawahi daladala za Kiboriloni. Sitawachelewesha.

Mlipoambiwa nitazungumzia mwimbaji wa kike, najua wengi mlisema ni Siti binti Saad huyo, au Bi Kidude. Leo nimewaletea binti wa Detroit, Marekani. Anaitwa Florence Ballard. Anayemjua anyooshe mkono. Wawili. Haya, Diana Ross je? Ehee, ukumbi mzima! Basi huyo Diana Ross mnayemjua wote alitokea kwenye kundi ambalo Florence ndiye aliyekuwa wa kwanza kuitwa kulianzisha.

Florence alizaliwa tarehe 30 Juni 1943, nyumba yenye watoto kumi na watatu, baba mfanyakazi wa kiwanda cha magari. Mwaka 1959 meneja mmoja wa pale mjini alikuwa na kundi la vijana wa kiume, Primes, akataka wawe na kundi la wasichana la kwenda nao jukwaani. Akamfuata Florence, miaka kumi na sita hata hajafika. Florence akamvuta Mary Wilson, wakaongezeka Diana Ross na Betty McGlown, wakajiita Primettes. Januari 1961 Motown, kampuni ya Berry Gordy, ikawasaini, ila kwa sharti kwamba wabadili jina. Yakaletwa majina kwenye karatasi, na Florence ndiye aliyeweka kidole kwenye Supremes. Wenzake walinuna, wakasema linasikika kama jina la kundi la wanaume. Lakini likakaa.

Shikeni hapo. Jina lilichaguliwa na Florence, lakini mwenye jina akawa kampuni.

Naomba nitoke kidogo nje ya Detroit, nije hapa kwetu. Mimi nimeimba. Tulikuwa wasichana wanne, wote tumetoka kwaya ya vijana, na jina la kundi nililitunga mimi mwenyewe tukiwa tunachambua mchele wa harusi ya dada wa mmoja wetu. Tukachanga nauli tukaenda Arusha kurekodi. Studio yenyewe chumba kimoja, kuta zimebandikwa trei za mayai, na jogoo wa jirani akiwika tunaanza upya. Jioni, tumechoka, njaa inauma, mwenye studio akatoa karatasi ya daftari la shule yenye mistari minne. Hakuna aliyesoma. Tulichouliza ni kama tutapata kanda ishirini za kugawa nyumbani. Tulipewa kumi na mbili. Mwaka uliofuata nikaikuta kanda stendi, jina letu limeandikwa kwa herufi kubwa, na picha ya wasichana wanne ambao sijawahi kuwaona maishani mwangu. Jina la huyo mwenye studio msiniulize, simtaji. Nawaambia tu ili mjue kwa nini nilipoisoma habari ya huyu binti nilikesha.

Tuendelee. Kuanzia Agosti 1964 mpaka Mei 1967 Supremes walishika namba moja Marekani kwa nyimbo kumi, tano kati ya hizo zikifuatana. Hebu pigeni hesabu wenyewe, chini ya miaka mitatu! Lakini sauti ya mbele ilikuwa ya Diana, ndivyo alivyoamua Gordy. Florence, ambaye sauti yake ilikuwa nene na ya kanisani, akabaki kuitikia. Mnaoimba sauti ya pili mnajua kukoje: wimbo haukai bila wewe, na hakuna anayekutazama. Akaanza kunywa, akaanza kukosa maonyesho. Julai 1967, wakiwa kwenye hoteli ya Flamingo kule Las Vegas, akarudishwa nyumbani na nafasi yake akaingia Cindy Birdsong. Na kundi likaitwa Diana Ross na Supremes. Mimi sisemi Florence hakuwa na makosa. Mtu asiyefika jukwaani anaumiza wenzake, tusidanganyane. Swali langu liko kwenye karatasi.

Februari 1968 akasaini makubaliano ya kuachana na Motown kwa dola 139,804 na senti zake. Ndani yake kulikuwa na sharti: asijitangaze popote kwamba aliwahi kuwa Supremes. Akaenda kampuni ya ABC, akatoa nyimbo mbili, zikafa. Sasa mtangazaji wa redio angesema nini? "Msikilizeni Florence Ballard"? Florence Ballard yupi? Mtu amefanya kazi miaka minane, kisha anakatazwa kusema alikuwa wapi!

Hela nazo hazikukaa. Akagombana na wakili wake mwenyewe, akaishtaki Motown mwaka 1971 akidai dola milioni 8.7, kesi ikatupwa kwa sababu alikwisha saini. Nyumba ikaenda. Akawa analea mabinti watatu kwa fedha za msaada wa serikali. Mwaka 1975 alipata fedha kidogo, akapanda tena jukwaani pale Detroit kwenye harambee, watu wakamshangilia. Tarehe 22 Februari 1976 akafariki kwa moyo, ana miaka 32. Kanisani kwa mchungaji C. L. Franklin, baba yake mwimbaji Aretha Franklin, watu walijaa mpaka barabarani.

Mary Wilson alijifunza. Aligombania jina mahakamani, na uzeeni akazunguka majimbo ya Marekani akitetea sheria za kuzuia watu kupanda jukwaani kwa jina la kundi ambalo hawakuwahi kuimba humo. Na jirani zetu Kenya wapo pia: Angela Ndambuki aliimba kwenye kundi la wasichana watatu, Tattuu. Ni mwanasheria. Akaongoza chama cha kukusanya haki za waimbaji, na mwaka 2020 akapewa kuongoza ofisi ya Afrika ya shirikisho la kimataifa la kampuni za muziki, IFPI. Huyo alikwenda kukaa upande ule karatasi zinakoandikiwa. Nampenda sana.

Sasa kwetu. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ni Namba 7 ya mwaka 1999, na COSOTA, ofisi ya hakimiliki ya Tanzania, wanasajili kazi zenu. Lakini sikilizeni vizuri, maana hapa wengi huchanganya: COSOTA inalinda wimbo. Jina la kundi hailindi. Jina unalipeleka BRELA, wakala wa serikali wa usajili wa biashara, ulisajili kama alama ya biashara, na kabla ya BRELA mnakaa chini mnaandika: akitoka mmoja, jina linabaki na nani, na yule aliyetoka anaruhusiwa kusema alikuwemo?

Nani hapa ana katiba ya kikundi chake, iliyoandikwa? Usiniambie iko kwa mwenyekiti. Iliyopo hapa. Mmoja tu? Mama, njoo mbele na hilo daftari, tulisome wote.