Mwanamke wa Pembeni: Vivian Vance na Kazi ya Kumpokea Lucy

Ahsante mwenyekiti, na ahsanteni wanafunzi kwa kuja na mvua hii.

Kipande tulichokionyesha kilirushwa Marekani Septemba 1952, na nimewasikia mkicheka. Wanawake wawili kiwandani wanafunga chokoleti kwa karatasi. Wameshaonywa: ikipita hata moja haijafungwa, hawana kazi. Ukanda wa mashine unakuja polepole, halafu unachanganya, nao wanaanza kuficha chokoleti mdomoni, kwenye kofia, ndani ya nguo. Msimamizi anarudi, haoni iliyosalia, anaridhika kabisa, anaamuru mashine iongezwe kasi!

Macho yenu yalikuwa kwa Lucille Ball, anayecheza Lucy, na ndivyo inavyotakiwa. Kipindi chenyewe ni kichekesho cha runinga, I Love Lucy. Sasa mwondoeni yule mwenzake, Ethel. Kinachobaki ni mtu mmoja aliyepagawa, na tungemhurumia. Wakiwa wawili, ni njama. Ethel anajua mambo yameharibika, anasita, kisha anatia mdomoni naye. Kule kusita kwake ndiko kunakotupa ruhusa ya kucheka.

Aliyecheza Ethel ni Vivian Vance, mzaliwa wa Cherryvale, Kansas, mwaka 1909. Hakuokotwa njiani. Alianzia jukwaa la Albuquerque, na watu wa mji huo ndio waliomchangia fedha aende New York. Huko, kwenye majumba makubwa ya michezo ya Broadway, aliimba na kuigiza kwa miaka. Mwaka 1951 alikuwa La Jolla, California, katika mchezo wa jukwaani, Desi Arnaz, mume wa Lucille, alipokwenda kumtazama. Nafasi ya Ethel ilikuwa imefikiriwa kwanza kwa mwigizaji Bea Benaderet, ila yeye alishafungwa na kipindi kingine. Vivian akaichukua.

Uzoefu wa jukwaani ulimfaa sana, maana kipindi kilipigwa kwa filamu, kamera tatu kwa pamoja, mbele ya watazamaji waliokaa vitini. Ukimwahi mwenzako kwa nusu sekunde, kicheko cha ukumbi kinakufa.

Kuhusu mume wa Ethel, Fred, hapa naomba mnivumilie kidogo, kwa sababu napapenda. Aliyemcheza, William Frawley, alizaliwa 1887. Alimzidi Vivian miaka 22, naye hakuficha kwamba mzee huyo angefaa kuwa baba yake. Frawley yakamfikia, na tangu hapo hawakupikika chungu kimoja. Waandishi walipowapa wahusika hao maneno ya kuchomana, waigizaji hawakulazimika kutafuta hasira mbali. Lakini angalieni: mbele ya kamera hakuna aliyemharibia mwenzake zamu. Mimi huo ndio ninaouita ufundi. Urafiki hauhusiki.

Sherehe ya 1954 ya Emmy, tuzo za runinga za Marekani, ilimpa Vivian tuzo ya mwigizaji msaidizi wa kike, na yeye ndiye wa kwanza kuipata. Frawley aliteuliwa mara tano, akatoka mikono mitupu. Baadaye lilikuja wazo la kuwapa Fred na Ethel kipindi chao wenyewe. Frawley alitaka. Vivian akakataa katakata, na mzee hakumsamehe.

Kilichomkera Vivian kwa muda mrefu ni zile nguo. Ethel alivalishwa magauni ya nyumbani yaliyopwaya, aonekane mama aliyechuja pembeni ya Lucy anayeng'aa, ilhali kati yao wawili Lucille ndiye mdogo kwa miaka miwili tu. Watu mitaani nao walimwita Ethel. Basi alipotakiwa kwa kipindi kipya cha Lucille, The Lucy Show, iliyoanza 1962, aliweka masharti: mhusika aitwe Vivian, na avae vizuri. Alikubaliwa. Mhusika huyo, Vivian Bagley, alikuwa mwanamke aliyeachika anayelea mtoto wa kiume, jambo ambalo runinga ya Marekani ya saa za jioni ilikuwa ikilikwepa.

Mwaka 1965 alichoka na safari za kutoka Connecticut, alikoishi na mumewe, hadi Los Angeles. Akaacha kazi ya kudumu pale, akawa anarudi mara chache kama mgeni. Kipindi kiliendelea hadi 1968, Lucy akisumbuana na meneja wa benki, aliyechezwa na Gale Gordon, fundi hasa wa kufoka. Vituko havikupungua. Ila ninapoitazama miaka ile namwona Lucy akifanya vurugu mbele ya bosi, na hana mtu wa kumkonyeza.

Karibuni kwa maswali.