Matango ya Achari Kwenye Karai, na Kesi ya Unga wa Dengu

ZUHURA: Assalam aleikum, tuko hewani, na leo Athmani unanisikiza mimi kwanza manake Jumanne nimeungua mkono.

ATHMANI: Pole. Ndo siku ile ulinipigia simu huku jiko linalia?

ZUHURA: Ndo hiyo. Nilikuwa na matango ya achari ya chupa, yale ya siki ya supamaketi, si achari yetu ya embe. Nikayatoa tu kwenye chupa, nikayachovya kwenye rojo, nikatia karai. Mafuta yakaruka hadi kwenye pazia, unga wote ukavuka, tango huku, ganda kule linaelea peke yake.

ATHMANI: Maji hayo. Yakipata moto yanakuwa mvuke, mvuke unatafuta pa kutokea, unausukuma unga.

ZUHURA: Sasa najua. Alhamisi nikayakata mviringo, unene wa shilingi kumi mbili zikipandana, nikayapanga juu ya taulo, nikafunika kwa jingine, nikakandamiza kwa kiganja, nikayaacha nusu saa. Taulo lilirowa wallahi. Nikayapaka unga mkavu kwanza ndo rojo lishike, halafu rojo la unga wa dengu na unga wa mchele kidogo...

ATHMANI: Ngoja hapo. Dengu? Hizo sasa ni bhajia.

ZUHURA: Si bhajia. Ndani ni tango la achari.

ATHMANI: Na bhajia ya Mombasa ndani ni kiazi, mbona hatuiiti kiazi? Jina linatokana na ganda. Hiki chakula kina kwao, majimbo ya kusini ya Marekani, Bernell Austin alikiuza kwenye Duchess Drive In yake pale Atkins, Arkansas, 1963, mji uliokuwa na kiwanda cha achari. Kule ni unga wa ngano au wa mahindi.

ZUHURA: Kiazi nacho asili yake Amerika Kusini, tukakichemsha, tukakivisha rojo la manjano, leo ni viazi karai na hakuna anayetuuliza.

ATHMANI: Umeona? Tulikipa jina letu! Basi na hiki kiite bhajia ya achari, mimi nitakula nikikaa kimya.

ZUHURA: Hutakaa kimya.

ATHMANI: Na si jina tu, dada. Dengu ina ladha nzito, inaufunika ule uchachu wa siki, na siki ndo raha yenyewe.

ZUHURA: Hapo nakukatalia kabisa kabisa. Bhajia unakula na nini? Chatini ya ukwaju. Mihogo ya Lighthouse, pale ufukweni Mombasa, inatiwa nini? Ndimu na pilipili. Pwani hii kikaangwacho na kichachu hawajawahi kugombana, we mtu wa Kibokoni, Mombasa Mji wa Kale, unaniambia dengu inaua uchachu?

ATHMANI: Ukwaju uko nje, unachovya unavyotaka. Tango liko ndani, limefungiwa.

ZUHURA: Ndo maana ukiuma ganda linavunjika kwanza, krach, halafu siki inakuja. Mamangu alikula sahani nzima akauliza zimebaki ngapi.

ATHMANI: Mamako anakupenda.

ZUHURA: Mamangu akipika biriani mbaya mtu anamwambia, na yeye pia hanibembelezi. Njoo Jumamosi ule.

ATHMANI: Ntakuja na unga wangu wa ngano.

ZUHURA: Uje nao, karai ni mbili.

ATHMANI: Lakini tulipanga mambo matatu leo, mafuta, chumvi, sosi, na hatujagusa hata moja na dakika zimebaki...

ZUHURA: Mbili. Sema la mafuta.

ATHMANI: Digrii 180 hadi 190. Kama huna kipimo dondosha tone la rojo, likizama likakaa chini bado, likipanda mara moja na povu tia, na usijaze karai, mafuta yanapoa halafu ganda linanyonya...

ZUHURA: Na chumvi, achari ishakuwa na yake, kwa hiyo kwenye rojo... eh, adhana hiyo. Wapendwa, tunakata.

ATHMANI: Sosi je?

ZUHURA: Jumamosi.