Kidari cha chumvi kwenye chungu cha umeme, kutoka jikoni Mtwara

Karibu ndugu mtazamaji. Leo tunatengeneza nyama ya ng'ombe ya chumvi, tena tunaanzia buchani, hatufungui kopo. Ile ya kopo, waliyoizoea wazee wetu enzi za kiwanda cha Tanganyika Packers cha Kawe, Dar es Salaam, ni nyama iliyokatwakatwa na kushindiliwa. Hii yetu ni kidari kizima, kinalala kwenye maji ya chumvi na viungo, halafu kinapikwa taratibu mpaka uma unaingia wenyewe. Wamarekani wenye asili ya Ireland hupenda kuila na kabichi tarehe 17 Machi, sikukuu ya Mtakatifu Patrick. Sisi hapa kabichi tutaiweka, na mihogo itakuwepo.

Nikwambie mapema ili upange wiki yako. Nyama inakaa kwenye chumvi siku tano, kisha inapikwa saa nane au tisa. Kama wageni wako wanakuja Jumapili mchana, basi nyama iingie kwenye chumvi Jumatatu, na Jumamosi usiku iingie chunguni. Kazi yenyewe ya mikono haizidi saa moja ukijumlisha yote. Kinachotakiwa ni kutokuharakisha chumvi.

Tuanze na nyama. Nenda buchani asubuhi, kabla kidari hakijapigwa shoka na kuchanganywa na mbavu. Mwambie, "Kaka, naomba kidari, kipande kimoja, usikikate." Atakuuliza mara mbili, maana amezoea kukatakata. Simama hapohapo mpaka kifungwe. Tunataka kilo mbili. Ng'ombe wetu wengi wa kienyeji hawana mafuta mengi, kwa hiyo kidari chao ni chembamba, na hiyo si hasara: chumvi inafika katikati mapema. Ule utando wa mafuta wa juu usiuondoe wote. Bakiza unene wa kama nusu sentimita, utailinda nyama isikauke wakati wa kupika.

Sasa sogea karibu uone kitu hiki. Unaona nyuzinyuzi za nyama zinavyoelekea, kutoka huku kwenda kule? Chukua kisu, kata kipande kidogo cha pembeni kwa kukingama na hizo nyuzi, kiwe kama alama. Nyama ikishaiva inakuwa vigumu kuona zinakoelekea, na mwisho wa kazi utaihitaji hiyo alama.

Tunakuja kwenye chumvi. Mimi natumia hii ya mawe, ya punje kubwa, kutoka mashamba ya chumvi ya pwani yetu hii ya Lindi na Mtwara. Ni nzuri na bei yake ni nafuu, ila mara nyingine ina mchanga, kwa hiyo tutaichuja. Jambo la msingi: pima kwa uzito, usipime kwa kikombe. Kikombe cha chumvi ya unga kina chumvi nyingi kuliko kikombe cha chumvi ya mawe, kwa sababu kwenye mawe kuna nafasi za hewa katikati. Huna mizani nyumbani? Mwambie mwenye duka akupimie robo kilo ya chumvi na nusu robo ya sukari. Vipimo vyetu ndivyo hivyo: maji lita mbili na nusu, chumvi robo kilo, sukari nusu robo. Sukari haifanyi nyama iwe tamu, inapunguza ukali wa chumvi.

Viungo: kijiko kikubwa cha pilipili manga nzima, kijiko kikubwa cha mbegu za giligilani, karafuu sita, kijiti cha mdalasini, iliki nne, punje sita za kitunguu saumu zilizopondwa, na kipande cha tangawizi cha urefu wa kidole gumba. Ukipata mbegu za haradali weka kijiko kimoja, usipozipata, endelea. Vile vikavu vikaange kwanza bila mafuta, dakika moja au mbili, mpaka harufu itoke, halafu uvivunjevunje kidogo kwenye kinu. Visiwe unga.

Chemsha nusu ya maji pamoja na chumvi, sukari na viungo vyote. Chumvi ikishayeyuka, epua na uchuje kwa kitambaa safi. Mchanga utauona umebaki chini ya sufuria na kwenye kitambaa. Viungo vilivyobaki kwenye kitambaa visuuze haraka, uvirudishe kwenye maji. Kisha ongeza nusu nyingine ya maji, yale uliyokwisha kuyachemsha na kuyapoza. Halafu subiri. Joto letu la hapa unalijua, maji hayapoi upesi, kwa hiyo yakishapungua moto yaweke kwenye friji mpaka yawe baridi kabisa. Nyama haiingii kwenye maji ya vuguvugu hata kidogo.

Kuhusu chombo, nakuomba unisikilize vizuri. Usitumie sufuria ya aluminiamu. Chumvi inaila aluminiamu, na nyama itachukua ladha ya bati. Tumia bakuli la kioo, la plastiki ya chakula lenye mfuniko, au sufuria ya stili. Weka kidari, mimina maji mpaka yakifunike, halafu kandamiza kwa sahani ili kisielee. Sehemu itakayobaki juu ya maji haitakolea, na ndiko kuharibika kunakoanzia. Funika, weka kwenye friji, rafu ya chini kabisa. Kila siku kigeuze mara moja, cha juu kiende chini.

Hapa lazima nizungumzie rangi, maana swali hili litakuja. Ile nyama ya dukani ni ya waridi kwa sababu inawekwa chumvi maalumu yenye naitraiti ya sodiamu. Naitraiti inashika rangi, na pia inazuia bakteria wanaosababisha sumu ya botulizimu. Lakini ikizidi kipimo ni hatari kwa mlaji, na siyo kitu cha kukisia kwa kijiko. Sisi hatuitumii, kwa hiyo nyama yetu itakuwa na rangi ya kijivu inayoelekea kahawia, kama nyama yoyote iliyochemshwa. Ladha ipo palepale. Na ile chumvi ya waridi inayouzwa kwenye maduka makubwa kwa jina la Himalaya haina naitraiti, usidanganyike na rangi yake. Usithubutu kabisa kuweka mbolea au dawa ya aina yoyote kwa kutafuta rangi.

Kwa kuwa hatuna naitraiti, kinachotulinda ni chumvi pamoja na baridi. Friji iwe nyuzi 4 au chini yake, na siku zisizidi saba. Sisi watu wa pwani tumezoea ng'onda, papa anapakwa chumvi na kuanikwa juani, anakaa muda mrefu. Hesabu ya hapa siyo hiyo. Ng'onda anakauka, maji yanamtoka. Kidari hiki kimekaa ndani ya maji, na nje ya friji kitaoza. Umeme ukikatika, usifungue friji. Ikiwa imefungwa inashika baridi kama saa nne hivi. Mimi huwa nagandisha chupa za maji mapema. Umeme ukichelewa kurudi, nazihamishia chini pamoja na bakuli. Maji ya chumvi yakishakuwa ya vuguvugu kwa saa kadhaa, mwaga, tupa na nyama. Inauma, najua bei ya nyama, lakini tumbo la mtoto ni ghali zaidi.

Siku ya tano imefika. Toa kidari. Kibonyeze: kimekaza kuliko siku ya kwanza, ndivyo kinavyotakiwa kuwa. Kioshe kwa maji mengi, mwaga yale ya chumvi yote, usiyatunze kwa kutumia tena. Loweka nyama kwenye maji safi ya baridi saa moja, ndani ya friji. Halafu onja: kata kipande kidogo cha ukingoni, kichemshe dakika tano kwenye maji matupu, ule. Chumvi imezidi? Badilisha maji, loweka saa moja nyingine. Mwezi wa Ramadhani fanya zoezi hili usiku, baada ya futari, ili kesho yake usibahatishe.

Sasa chungu cha umeme, kile cha kupikia taratibu kwa saa nyingi. Kama chako ni kipya, ujue kinatumia umeme mdogo; vingi ni wati 200 hadi 300, kwa hiyo saa tisa hazifikishi uniti tatu. Panga chini vitunguu maji viwili vilivyokatwa nene, na karoti nzima tatu. Weka kidari juu yake, upande wa mafuta ukiangalia juu, ili mafuta yakiyeyuka yateremke kwenye nyama. Weka viungo vipya, pilipili manga kijiko kidogo na giligilani kijiko kidogo. Mimina maji mpaka yafike karibu na mgongo wa nyama. Chumvi usiongeze hata chembe. Chungu kisijae kupita theluthi mbili.

Funika. Washa moto mkubwa saa moja ya kwanza, kisha punguza uwe moto mdogo, saa saba au nane. Ukiwasha saa nne usiku, saa moja asubuhi nyumba nzima inanukia. Kwa futari, washa saa tatu asubuhi. Na tafadhali, usifunguefungue. Kila ukifunua, mvuke unatoka, na unajiongezea kama dakika ishirini za kusubiri. Kidari kina mishipa migumu mingi, na mishipa hiyo inahitaji muda kwenye joto la taratibu ili ilainike iwe kama rojo. Ukichemsha kwa fujo inakaza, nyama inakuwa kama kamba.

Huna chungu cha umeme? Tumia sufuria nzito na jiko la mkaa. Ikishachemka, funika makaa kwa majivu, maji yawe yanatikisika tu pembeni, saa tatu hadi tatu na nusu. Hakikisha maji hayapungui.

Kabichi usiiweke tangu mwanzo, itakuwa uji. Nyama ikikaribia, chota mchuzi vikombe viwili, weka sufuria pembeni, tia kabichi iliyokatwa vipande vinne, dakika kumi na tano zinatosha. Mihogo nayo ichemshe peke yake kwa maji mengi, bila mfuniko, na yale maji umwage.

Choma uma sehemu nene zaidi. Umeingia na kutoka bila nyama kuufuata? Imeiva. Kama inaufuata, rudisha nusu saa. Itoe, iache kwenye sinia ikiwa imefunikwa dakika ishirini, usiikate ikiwa inafuka moshi. Sasa tafuta ile alama yetu ya mwanzo. Kata kufuata alama, kwa kukingama na nyuzi, vipande vya unene wa penseli. Angalia hiki: nakishika juu, hakikatiki, lakini nikikivuta kidogo tu kinaachana. Hapo ndipo tulipotaka kufika.

Pakua na mihogo, kabichi, na kachumbari ya embe bichi yenye pilipili. Ukali wake unakata mafuta vizuri. Haradali ya chupa nayo inakubali, ila kwangu embe ndiyo namba moja.

Iliyobaki ihifadhi kwenye friji ikiwa ndani ya mchuzi kidogo, ule ndani ya siku tatu au nne. Asubuhi ichambue, ikaange na kitunguu na viazi vilivyochemshwa, kwa chai ya rangi. Na mchuzi usimwage. Chemsha mbaazi kwa maji matupu mpaka zilainike kabisa. Ndipo umimine mchuzi kidogokidogo huku ukionja, na mwisho tui zito la nazi.