Mji Unaongoja Mgeni: Dodoma na Bunge Lake

Mwenyekiti, wazee wenzangu, na wanangu mliosimama kule nyuma kwa kukosa viti, asanteni kwa kuja. Wapo humu walionisikia nikisema haya haya mwaka jana na mwaka juzi. Nawaona wanavyotazamana. Vumilieni. Siku nikinyamaza mjue mambo yamenyooka, au mmeshanizika.

Habari za tembo aliyezama topeni mji ukapata jina tuziache, kila mtoto wa hapa anazijua. Kwa nini makao makuu yawe katikati ya nchi na si pwani, hilo nalo tulifundishwa darasani. Mimi nimekuja na neno moja: mji huu na Bunge hawajawahi kuishi kama watu wa nyumba moja. Mmoja ni mwenyeji, mwingine ni mgeni, na mgeni mwenyewe ndiye mwenye hela.

Nianze na chumba changu.

Mwaka 1998 nilikuwa mwalimu kijana, nimepanga Makole kwa mama mmoja wa Kigogo, mkarimu sana, Mungu amrehemu. Chumba kimoja, dirisha la nyavu, choo cha uani. Bunge lilikuwa limeshahamia hapa tangu 1996, na siku hizo mkutano wa bajeti ulianza Juni ukaburuzwa mpaka Agosti. Wiki moja kabla Waheshimiwa hawajafika, mama ananiita uani. Kashika ufagio, haniangalii usoni. "Mwalimu, mwanangu, wageni wanakuja." Wageni gani, mama? "Dereva wa mheshimiwa."

Dereva! Si mheshimiwa mwenyewe. Dereva alikuwa analipa kwa usiku mmoja kile ninachotoa mimi kwa wiki mbili. Nikafunga godoro kwa kamba ya katani, nikalipandisha kwenye baiskeli, nikaenda Chang'ombe kwa mwalimu mwenzangu aliyekuwa na mke, watoto watatu na subira ya ajabu. Nimelala sebuleni kwake wiki tisa. Anayeujua upepo wa Dodoma wa mwezi wa saba haulizi maswali. Agosti Waheshimiwa wakaondoka, nikarudi. Nikakuta mama kapiga chokaa, kaning'iniza pazia jipya. "Karibu nyumbani, mwalimu." Mwisho wa Oktoba akaniita tena uani.

Mwaka uliofuata sikungoja kuitwa. Nikiona tu wanapaka rangi kingo za barabara, natafuta kamba yangu.

Hapo kuna mtu anasema moyoni: sasa mzee, mama alipata, wa nyama choma walipata, wa teksi walipata, unalia na nini? Sililii godoro, jamani. Nasema mji ulifundishwa kuishi kwa msimu, kama watu wa korosho. Waheshimiwa walikuja kusema "naunga mkono hoja", wakashika shilingi ya waziri, yaani wakatishia kuuzuia mshahara wake, wakaiachia jioni ile ile, kisha Ijumaa mchana barabara ya Morogoro haipitiki kwa magari yanayokimbilia Dar es Salaam. Kamati zilikaa huko, kwenye Ofisi Ndogo ya Bunge. Wizara zilikuwa huko. Bajeti ikisomwa, wataalamu wanapanda huku na makabrasha, wakimaliza wanashuka nayo. Majirani zetu Malawi walihamishia Serikali Lilongwe mwaka 1975, Bunge likabaki Zomba mpaka 1994. Sisi tuligeuza: Bunge likatangulia, Serikali ikabaki baharini miaka 20 mingine. Ukihesabu vizuri, kwa miaka 20 hiyo Dodoma ilikuwa mji mkuu wakati wa vikao tu.

Sasa nije kwenye lile ninalolipenda, nanyi mnalijua. Nani aliamua?

Mwaka 1966 hoja ya kuhamia Dodoma ilifika bungeni. Bunge likaikataa, likasema gharama. Sawa, ni haki yake. Mwaka 1973 jambo lile lile likapita, lakini halikupitia kule lilikokataliwa. Lilipitia TANU, likajadiliwa matawini, likaamuliwa na chama, na tukaambiwa miaka 10 tutakuwa tumemaliza. Simlaumu Mwalimu Nyerere. Tulikuwa na chama kimoja na chama kilishika hatamu, asiyeelewa maana ya hatamu amuulize babu yake. Ila angalieni mpangilio: wawakilishi wamesema hapana, chama kimesema ndiyo, na hakuna aliyerudi bungeni kuomba sheria.

Tulikaa hivyo kwa miaka mingapi? Sheria ya kuitangaza Dodoma kuwa makao makuu ya nchi ilipitishwa na Bunge mwaka 2018. Kutoka 1973. Ni miaka 45! Ni ndoa ambayo posa imepelekwa wajukuu wako kidato cha pili. Na hata 2018 Bunge halikutangulia. Rais Magufuli alitamka hapa hapa, siku ya Mashujaa, tarehe 25 Julai 2016, kwamba Serikali inahamia. Waziri Mkuu akahamia mwaka ule ule, Makamu wa Rais akafuata Desemba 2017, Aprili 2018 mji ukapandishwa kuwa jiji. Septemba ndipo muswada ukaingia ukumbini. Waheshimiwa wakaulizwa kama wanaafiki jambo ambalo malori yalikuwa yameshalishusha. Wakaafiki.

Brazil walifanya kinyume. Katiba yao ya 1891 ilitenga ardhi kwenye uwanda wa kati kwa ajili ya mji mkuu ambao hata tofali moja haukuwa nalo. Brasília yenyewe ikazinduliwa 1960. Walichelewa miaka 69, wametuzidi. Lakini kwao maandishi ndiyo yaliyoungoja mji.

Najua mnachotaka kuniambia: mzee, sheria ni karatasi, Magufuli alitamka tu na kazi ikafanyika, karatasi ya nini? Haya, tuzungumzie CDA.

Mamlaka ya Ustawishaji Makao Makuu, ndiyo CDA hiyo, iliundwa mwaka ule ule 1973 kwa amri ya Rais. Ikapewa ardhi ya mji mzima. Kwingine nchini mtu anapata hati ya miaka 99, hapa unapewa mkataba wa miaka 33. Miaka 33, wanangu! Unajenga ukiwa na miaka 30, ukistaafu unaanza kuomba upya ruhusa ya kulala chumbani kwako. Halafu kulikuwa na Manispaa, ina meya, ina madiwani tuliowapigia kura kwa foleni juani. Diwani uliyemchagua hakuwa na kiwanja cha kukugawia, na mwenye viwanja hukumchagua. Wabunge wa mkoa huu walisimama bungeni mara ngapi kuilalamikia CDA? Hansadi, kumbukumbu za yanayosemwa bungeni, zipo, kasomeni, mtachoka. Bunge linakaa ndani ya mji, linasikia kilio cha mji, linaandika kilio kwenye Hansadi, linaahirishwa. Mpaka tarehe 15 Mei 2017, Rais akasaini hati, CDA ikavunjwa siku hiyo, na watu wakaambiwa hati zao zitakuwa za miaka 99.

Watu walishangilia, na mimi nilishangilia, siwadanganyi. Lakini nilipofika nyumbani nikajiuliza. Kilichoundwa kwa kalamu ya mtu mmoja kimekaa miaka 44 kikitutawala, kimeondoka kwa kalamu ya mtu mmoja. Kama kalamu ile isingetaka? Ndiyo maana nadai karatasi. Karatasi yenye wabunge waliobishana juu yake ina wenyewe wengi.

Na tuiguse Katiba, kwa sababu hapa ndipo ninapogombana na wanasheria. Fungueni Ibara ya 92. Bunge la Jamhuri ya Muungano litakutana wapi? Mtadhani imeandikwa Dodoma. Haikuandikwa! Inasema Bunge litafanya mikutano mahali ambapo ni desturi kuifanya, au popote pengine ndani ya Jamhuri ambapo Rais atapateua. Desturi! Desturi ilikuwa ukumbi wa Karimjee, pale Dar es Salaam, na ikahama. Desturi inahama na aliyeizoea. Tumejenga ukumbi wa duara wenye fahari, umezinduliwa 2006, pembeni ya barabara ambayo kila basi la Dar linapita, na Katiba bado inalitazama Bunge kama mwalimu mwenye godoro kwenye baiskeli.

Wanasheria wananiambia sheria ya 2018 inatosha. Inatosha kwa mji. Mimi nauliza kuhusu Bunge. Wanasema hakuna Rais atakayeliita Bunge kwingine. Mwaka 1966, hoja ilipokataliwa, hakuna aliyedhani tutahama Dar. Theluthi mbili ya wabunge inaweza kuandika neno moja tu, Dodoma, ndani ya Ibara ya 92, asubuhi moja kabla ya chai. Sijui wanangoja nini. Au najua, lakini mwenyekiti kanikataza siasa za vyama.

Jambo dogo la maneno, kwa walimu wa Kiswahili. Kwa nini tunasema "makao makuu" na si "mji mkuu"? Makao makuu ni lugha ya chama na ya mashirika. Ofisi ina makao makuu, na bodi ikikaa inayahamisha. Mji mkuu ni… Mwenyekiti ananionyesha vidole vitano. Ni dakika tano, au karatasi tano zilizobaki? Dakika. Haya.

Nilitaka kuzungumzia Washington, nitakimbia. Mwaka 1973 huo huo, sisi tukichagua Dodoma, wao ndiyo kwanza wanapata sheria ya kuchagua meya na baraza lao, na mpaka leo Bunge la Marekani linaweza kuifuta sheria ya baraza hilo. Mjumbe wao katika Baraza la Wawakilishi hapigi kura ya mwisho ya kupitisha muswada, na kwenye Seneti hawana mtu. Wameandika malalamiko kwenye vibao vya namba za magari yao. Sisi wabunge tunao, jimbo la Dodoma Mjini limegawanywa mwaka 2025 tukapata na la Mtumba. Kwa hiyo hatuna kisingizio chao. Hilo lilikuwa la kurasa sita, nimelimaliza kwa pumzi moja.

La maji, na la mashamba ya wenyeji wa pembezoni yaliyopimwa viwanja mji ulipokuwa unatanuka, nalisogeza mwakani. Ndiyo, mwakani nipo.

Kuna kijana pale nyuma kanyoosha mkono tangu nilipomtaja mama wa Makole. Simama, baba, uliza. Na mpeni kipaza sauti, huko nyuma hawasikii.