Barua iliyosema "umebainika"

Ndugu zangu, nianze na karatasi moja. Miaka kadhaa iliyopita mteja aliniletea barua aliyokabidhiwa kazini, yenye aya mbili tu. Ya kwanza: "Umebainika kuwa ulitumia vibaya mali ya ofisi." Ya pili: "Unatakiwa kujieleza ndani ya siku tatu kwa nini usichukuliwe hatua za nidhamu." Akaniuliza, "Wakili, twende mahakamani leo?"

Tulitazame hilo neno, umebainika. Mtu akishabainika, anajieleza nini tena? Barua ya tuhuma husema "unatuhumiwa". Hii ilikuwa imeshamaliza kesi, imebakiza kutaja adhabu. Kwa hiyo alikuwa na haki ya kukasirika. Ila yeye aliuliza kuhusu leo, na hapo ndipo pagumu.

Njia aliyoitaka ni mapitio ya mahakama, yaani kumwomba jaji akague jinsi uamuzi ulivyofikiwa, na mapitio si rufaa. Jaji haulizi kama kamati ya nidhamu ilipatia au ilikosea. Anauliza imefikaje pale. Ilikuwa na mamlaka? Ilimsikiliza mhusika? Kuna mjumbe mwenye maslahi yake? Tumezoea maswali haya yaulizwe baada ya uamuzi kutoka, na wakati mwingine baada ya uamuzi ni kuchelewa. Bwana mmoja, Cooper, alikuwa akijenga nyumba Wandsworth, London. Bodi ya eneo ikadai hakutoa notisi ya siku saba iliyotakiwa na sheria, ikatuma watu wakaibomoa. Sheria iliipa bodi uwezo wa kubomoa, na haikusema popote kwamba mwenye nyumba asikilizwe kwanza. Mwaka 1863 mahakama ikatamka kwamba pale Bunge liliponyamaza, majaji watalijaza pengo. Cooper akashinda. Lakini nyumba ilikuwa imeshalala chini.

Ndiyo maana watu wanataka kuwahi, na hata amri za mahakama zenyewe zina saa zake. Mahakama ya Rufaa ya Kenya ililieleza hili vizuri mwaka 1997, katika shauri la watahiniwa waliofutiwa matokeo na baraza la mitihani: amri ya kuzuia hutazama mbele. Uamuzi ukishafanyika, hakuna cha kuzuia; hapo unahitaji amri ya kuutengua. Ukiomba amri isiyo ya wakati wake, unaweza kuwa na haki yote ukarudi mikono mitupu.

Basi tuwahi? Ukiwahi, unakutana na pingamizi la awali: shauri limeletwa kabla ya wakati wake. Mimi nimekuwa upande wa kulipinga pingamizi hili mara nyingi, na bado nakiri lina mantiki. Kila barua ya wito ikipelekwa kwa jaji, hakuna kamati itakayomaliza kikao. Na huenda kamati yenyewe ikamwachia mtu huru, shauri likafa bila kumsumbua jaji. Mahakama ya Rufaa ya Shirikisho ya Kanada ilikuwa kali zaidi mwaka 2010, katika shauri la C.B. Powell: hata lalamiko la kutotendewa haki, au la upendeleo, si sababu tosha ya kukatisha mchakato katikati, maadamu mchakato huo unakupa nafasi ya kulitoa lalamiko na kupata nafuu ya kweli. Shikeni hayo maneno ya mwisho.

Sasa nipeni dakika kwa kesi mbili, zote zilifika Baraza la Faragha, London, lililokuwa mahakama ya mwisho ya rufaa kwa nchi hizo. Ya kwanza ni ya mwalimu wa New Zealand, Furnell, mwaka 1973. Kamati ndogo ilichunguza malalamiko dhidi yake bila kumwita, kisha bodi ikamfungulia mashtaka na kumsimamisha kazi akisubiri uamuzi. Akashindwa, watatu kwa wawili. Walio wengi walisema kanuni ziliweka mbele yake nafasi ya kujitetea. Hatua ya mwanzo si hukumu. Wawili waliobaki hawakukubali, na mimi, kama mtaniuliza, niko nao. Aliyesimamishwa kazi huku majirani wakijua, anaadhibiwa kila asubuhi, hata kama karatasi inaiita "hatua ya awali".

Ya pili ni ya Jaji Crane wa Trinidad na Tobago, mwaka 1994. Tume inayosimamia utumishi wa majaji ilipeleka kwa Rais pendekezo kwamba suala la kumwondoa lichunguzwe, bila kumweleza tuhuma. Mbele yake nako kulikuwa na hatua nyingine za kusikilizwa. Safari hii Baraza likasema hapana, alipaswa kupewa nafasi ya kujibu tangu pale mwanzo.

Mwalimu kashindwa, jaji kashinda. Msikimbilie kusema ni cheo. Baraza lilipima uzito wa tuhuma, madhara ya hatua ya awali kwa jina la mtu, na kama kweli kulikuwa na haraka ya kuzuia kumsikiliza. Mimi huyakusanya katika swali moja: huko mbele kuna mlango unaoweza kurudisha kile kinachochukuliwa sasa? Kama upo, subiri. Kama kinachochukuliwa ni nyumba, au jina, huo mlango uutazame mara mbili.

Kwa mteja wangu mlango ulikuwepo. Nikamwambia hatuendi leo. Aliandika pingamizi kwa kamati kuhusu neno lile moja, akaomba liingie kwenye muhtasari wa kikao, akabaki na nakala yenye mhuri wa kupokelewa. Hili la mhuri msilidharau. Anayenyamaza mbele ya kamati, kisha akalalamika kwa jaji, ataulizwa kwa nini hakusema mapema.

Baada ya wiki mbili barua ikaandikwa upya. Ilisema "unatuhumiwa". Kamati ikamsikiliza siku nzima, na mashahidi wake watatu, kisha ikampa onyo. Hakulipenda. Nami sikuona cha kupeleka mahakamani.