Jack Kelsey, kipa wa Wales

Ndugu wapenzi wa soka, na hasa ninyi walimu wa makipa mliojaza viti vya mbele, asanteni kwa kuja.

Naanza na hesabu. Kwenye Kombe la Dunia la 1958 kule Uswidi, Brazil walicheza mechi tatu za mtoano. Nusu fainali waliwatandika Ufaransa matano. Fainali wakawatandika Uswidi matano mengine, mbele ya mashabiki wao. Lakini kwenye robo fainali, mjini Gothenburg, walikutana na Wales wakaambulia bao moja. Bao hilo lilikuwa la kwanza la Pelé katika Kombe la Dunia, naye ana miaka 17, kwa hiyo ulimwengu mzima unalijua. Aliyefungwa hutajwa kwa kupita, akitajwa. Jioni hii nataka tumtaje yeye.

Alfred John Kelsey, maarufu Jack, alizaliwa 1929 Llansamlet, karibu na Swansea, kusini mwa Wales, kwenye ukanda wa migodi na viwanda vya chuma. Arsenal walimchukua mwaka 1949 kutoka timu ndogo ya huko kwao, Winch Wen. Mechi yake ya kwanza ya ligi, Februari 1951 dhidi ya Charlton, alifungwa matano. Walimu, hapo pazingatieni. Vijana wangapi tumewaacha njiani kwa mechi moja ya namna hiyo? Arsenal hawakumtupa. Alirudi nyuma ya kipa mzoefu, George Swindin, akajifunza.

Msimu wa 1952/53 alicheza mechi 25 kati ya 42 za ligi, na Arsenal wakawa mabingwa. Walilingana na Preston kwa pointi, 54 kwa 54. Siku hizo hawakutazama tofauti ya mabao. Walichukua mabao ya kufunga wakayagawa kwa mabao ya kufungwa. Arsenal walikuwa na 97 kwa 64, Preston 85 kwa 60. Nimepiga hesabu mwenyewe: Arsenal wangeruhusu mabao matano zaidi msimu mzima, hata bila kupoteza pointi moja, kombe lingekwenda Preston. Mabao matano, mechi 42! Mnaona uzito wa kila mpira aliopangua kijana huyu. Na ndilo taji pekee la ligi alilopata, maana Arsenal ya miaka iliyofuata ilikuwa timu ya kawaida yenye kipa asiye wa kawaida.

Sasa tuione kazi yenyewe. Mpira ulikuwa wa ngozi, ukilowa kwenye matope ya Januari unakuwa mzito kweli, na makipa wengi walidaka kwa mikono mitupu. Kelsey alikuwa na dawa yake: anatafuna bigijii, kisha anaipaka viganjani na kuisugua vizuri mpaka ngozi inanata. Ndivyo alivyowakabili hao Brazil. Leo tunabishana glavu za bei gani zinafaa, na mwenzetu alimngojea Pelé kwa mate na bigijii.

Na hilo la mpira ni dogo. Sheria za wakati ule zilimruhusu mshambuliaji kumgonga kipa kwa bega, hata kipa akiwa ameshakamata mpira. Fainali ya Kombe la FA 1957, Peter McParland wa Aston Villa alimvaa Ray Wood wa Manchester United, akamvunja mfupa wa shavu. Wachezaji wa akiba hawakuwepo, kwa hiyo United ilibidi wamweke beki golini. Kipa aliyetoka kufuata krosi alijua mtu anakuja na mwili wake wote. Kelsey alisifika hasa kwa hizo krosi: anatoka, anaufuata juu, anaushika kwa mikono miwili. Hakuwa kipa wa kungoja mstarini. Yeye mwenyewe alivunjika mkono msimu wa 1958/59 kwenye mechi ya Kombe la FA, akapona, akarudi.

Nawaomba sasa mnifuate kwenye wiki moja ya Februari 1958.

Jumamosi tarehe 1, Arsenal waliikaribisha Manchester United kwenye uwanja wao wa Highbury. Hadi mapumziko ni tatu bila kwa United. Arsenal wakarudisha yote matatu ndani ya dakika chache, United wakaongeza mawili, ikaisha 5-4. Wale vijana wa United, wa kocha Matt Busby, hawakucheza tena pamoja kwenye ardhi ya Uingereza. Alhamisi ndege yao ilianguka Munich, wakafa watu 23, na kati ya wale 11 waliosimama mbele ya Kelsey siku ile, watano hawakurudi nyumbani. Duncan Edwards na Tommy Taylor, waliomfunga Jumamosi, walikuwa miongoni mwao.

Katikati ya siku hizo, Jumatano, Wales walikuwa Cardiff wakicheza na Israeli. Kisa chake kinagusa bara letu. Misri na Sudan walikuwa kanda moja ya kufuzu na Israeli, pamoja na Uturuki na Indonesia, na wote wakajitoa, Israeli wakabaki bila mpinzani. FIFA haikutaka timu ifuzu bila kucheza mechi, ikachagua kwa bahati nasibu kati ya timu zilizoshika nafasi ya pili kwenye makundi mengine. Wales, waliokuwa nyuma ya Chekoslovakia, walipata bahati. Wakashinda 2-0 Tel Aviv na 2-0 Cardiff. Kocha wao Jimmy Murphy alikuwa msaidizi wa Busby pale United, na kwa sababu ya mechi hiyo hakupanda ile ndege.

Huko Uswidi, Wales walicheza mechi tano ndani ya siku 12. Sare na Hungaria, sare na Meksiko, sare na wenyeji, halafu Hungaria tena, wakawatoa 2-1. Siku mbili baadaye, Brazil. John Charles, nguzo ya timu, alikuwa ameumizwa na Wahungaria na hakuweza kucheza. Kelsey na mabeki wake walizuia kwa zaidi ya saa nzima. Bao lilipokuja, Pelé aligeuka na mpira katikati ya watu, akapiga, mpira ukamgusa beki Stuart Williams ukaingia. Mabao manne tu katika mechi tano, na hilo la mwisho liligusa mtu. Mimi sioni kosa la kipa pale, na nimelitazama mara nyingi.

Alidakia Wales mechi 41. Kilichommaliza nacho kilitoka Brazil. Mei 1962 Wales walikwenda kwao kwa mechi za kirafiki, akagongana na mshambuliaji Vavá, mgongo ukaumia. Uchunguzi ukaonyesha ana hitilafu ya uti wa mgongo ambayo alizaliwa nayo. Yaani miaka yote ile ya kugongwa mabega, kuruka na kuangukia ardhi iliyoganda kwa baridi, aliifanya na mgongo wa namna hiyo. Akastaafu, akiwa ameichezea Arsenal mechi zipatazo 350. Kikomo cha mshahara wa wachezaji, pauni 20 kwa wiki, kilikuwa kimefutwa Januari 1961 tu, kwa hiyo pesa nono hakuzifaidi.

Hakuondoka klabuni. Alisimamia duka la Arsenal, baadaye akawa meneja wa biashara hadi 1989, miaka mitatu kabla ya kifo chake Machi 1992. Mashabiki waliokwenda kununua skafu walihudumiwa na mtu aliyesimama golini mbele ya Pelé.

Mkanda wa mechi ya Gothenburg ninao hapa. Tuutazame pamoja, na ninawaomba walimu mumfuate kipa, hasa anavyotoka kwenye krosi. Maswali nitayapokea tukimaliza.